HUKUMU SI MSHAHARA MPAKA ILIPWE



Wako wanachama wetu walio na karatasi yenye muhuri wa korti. Karatasi hiyo inasema ya kuwa tajiri fulani alimfukuza mtu kazi bila haki, na kwamba amlipe shilingi kadha wa kadha, pamoja na mshahara wa notisi, likizo ambayo hakuichukua, riba na gharama za kesi. Mtu huyo alishinda. Sisi wa Chama tulipiga makofi, na jina la tawi lake likasifiwa mkutanoni. Kisha ikapita miezi, ikapita miaka, na mtu huyo bado anakopa unga dukani.

Jambo tunalotaka kulisema katika ukurasa huu ni hilo. Tumezoea kuuliza, "Kesi imekwisha?" na tukijibiwa imekwisha tunafunga faili. Lakini kesi ya mshahara haiishi siku jaji anaposoma hukumu. Inaisha siku fedha zinapoingia mkononi mwa mwenye haki. Katikati ya siku hizo mbili pana safari, na matajiri wengi wameijua njia yake vizuri kuliko sisi.

Mtu asitafsiri maneno yetu kwamba twaidharau korti. Mahakama ya Viwanda iliyoundwa mwaka 1964, ambayo leo inaitwa Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi, imekuwa ngao yetu siku nyingi. Katiba ya mwaka 2010 imeipa cheo sawa na Mahakama Kuu. Sheria ya Ajira ya mwaka 2007 inampa jaji uwezo wa kuamuru fidia mpaka mishahara ya miezi 12. Hayo hatukupewa kwa hisani ya mtu. Wazee wetu wa vyama waliyapigania, na wengine walifungwa. Ndiyo sababu inatuuma kuona yanaishia katika karatasi.

Tuieleze basi safari yenyewe, maana wengi huisikia kwa wakili kwa maneno ya Kizungu na kurudi nyumbani bila kuelewa. Kwanza hati ya hukumu lazima iandikwe na kutiwa muhuri. Haiji yenyewe, huombwa. Gharama za kesi lazima zikadiriwe na msajili, na siku ya kukadiria hupatikana kwa foleni. Ndipo mwenye kushinda huandika ombi la kutimiza hukumu. Sheria ya Mwenendo wa Kesi za Madai inampa njia kadha: kukamata mali ya mdaiwa na kuiuza, kuzuia fedha zake zilizo benki ama mikononi mwa mtu mwingine, kumwita aje aeleze mali yake iko wapi, hata kumpeleka jela ya madeni ikiwa anazo fedha na hataki kulipa. Akichagua kukamata mali, korti humpa dalali hati. Dalali huenda kiwandani na kuandika orodha: mashine hii, lori lile, meza sita. Kisha, kwa Kanuni za Madalali za mwaka 1997, mdaiwa hupewa siku 7 alipe kabla vitu vyake havijachukuliwa kunadiwa. Ikiwa ni shamba ama nyumba, hupewa siku 45.

Siku hizo 7 ndizo za ajabu. Tajiri ambaye hakujibu barua zetu hata moja, ambaye kortini alionekana kwa nadra kama mvua ya kiangazi, leo wakili wake amefika asubuhi na mapema na ombi la haraka, akitaka kila kitu kisimamishwe. Mara nyingi husimamishwa, kwa muda tu, mpaka pande zote mbili zisikizwe. Pande zote mbili husikizwa baada ya miezi.

Kama si rufani, ni pingamizi. Huja mtu mwingine, labda ndugu yake tajiri, labda kampuni yenye sanduku la posta lile lile, akasema lori si la mdaiwa, ni lake. Sheria inampa ruhusa ya kusema hivyo, na ni haki ya kweli, maana dalali akikosea mlango mtu asiye na kosa atanyang'anywa chombo chake. Lakini tumeona pingamizi ambazo hata mtoto angezicheka. Tena tumeona kampuni iliyofungwa Ijumaa ikafunguliwa Jumatatu kwa jina jingine, mlango ule ule, mashine zile zile, msimamizi yule yule, isipokuwa kibao cha nje ndicho kilichokuwa kipya. Wakati huo wote gharama za dalali zinahesabiwa, na mdaiwa akikosekana, ama mali yake isipotosha, ni mdai anayezilipa. Mtu anakwenda kudai mshahara wake anarudi na bili.

Lakini hoja inayotuudhi kuliko zote ni ile ya umaskini. Anayekata rufani na kutaka malipo yasimame lazima aonyeshe kwamba asiposaidiwa atapata hasara kubwa, ama kwamba rufani yake itakuwa ya bure. Basi wakili wa tajiri huandika katika kiapo: mtu huyu hana kazi, wala hana mali inayojulikana, akilipwa leo, na sisi tukishinda rufani kesho, hataweza kurudisha. Mwaka 2006 Mahakama ya Rufani ilisema ya kuwa neno hili likiletwa kwa sababu za kutosha, ni juu ya mwenye hukumu kuonyesha uwezo wake, kwa kuwa yeye ndiye anayejua alicho nacho. Katika ugomvi wa watu wawili wenye biashara huenda hilo likawa sawa. Kwa mfanya kazi aliyefukuzwa, ni kumvua mtu nguo kisha kumtoa mkutanoni kwa kuwa yu uchi. Nani alimfanya asiwe na kazi? Ni yule yule anayeapa. Na jaji amekwisha sema katika hukumu ya kwamba alimfanya hivyo bila haki.

Hatusemi rufani zisiwepo. Hata sisi hukata rufani, na tumewahi kushinda. Majaji wengine hutoa dawa iliyo nzuri: fedha ziwekwe benki kwa majina ya mawakili wa pande mbili, zipate riba, na pengine sehemu yake apewe mfanya kazi mara moja. Dawa hiyo twaikubali, na twataka iwe ndiyo desturi katika kila kesi ya mshahara, kwamba amri ya kusimamisha malipo isitolewe mpaka fedha zimetoka kwanza katika mfuko wa tajiri. Mtu ambaye fedha zake zimekwisha mtoka hana haja tena ya kuahirisha kesi kila mara kwa kuwa wakili wake ana mafua.

Sasa tutazame kwa wenzetu. Tunaitaja India kwa sababu katika jambo hili India si mgeni hapa. Sheria yetu ya kesi za madai, iliyoanza mwaka 1924, ilichukua mengi kutoka sheria ya India ya mwaka 1908, na utaratibu wa kukamata na kunadi mali unaotumika Nairobi na Mombasa, kwa sehemu kubwa, ni ndugu wa ule unaotumika Mumbai na Chennai. Ugonjwa tuliurithi pamoja na sheria. Mwaka 1872 baraza la rufani la London, lile lililoitwa Privy Council, ambalo hata kesi za Kenya zilipelekwa kwake siku za ukoloni, lilisema katika kesi ya India ya kuwa taabu ya mwenye kesi huko huanza pale anapokwisha kupata hukumu. Tangu neno hilo liliposemwa imepita zaidi ya miaka 150.

Tarehe 22 Aprili 2021 Mahakama ya Juu ya India iliamua kesi ya ardhi kutoka Bangalore ambayo washindi wake walikuwa wamezungushwa miaka na miaka kwa pingamizi juu ya pingamizi. Majaji walikuwa watatu, mkubwa wao Jaji Mkuu S. A. Bobde. Hawakukoma kwenye kesi ile moja. Walitoa maagizo kwa korti zote za madai za nchi hiyo, na agizo linalotupendeza zaidi ni kwamba ombi la kutimiza hukumu lazima limalizwe katika muda wa miezi 6 tangu lilipofunguliwa. Likipita miezi 6, jaji mwenyewe aandike sababu. Tena walisema kwamba kesi ya fedha ikiwa bado inasikizwa, korti inaweza kumwambia mshitakiwa aeleze mali yake kwa kiapo, na hata kumtaka aweke dhamana, ili siku ya hukumu pasiwe na michezo ya kuficha. Mwenye kuleta pingamizi la hila atozwe gharama. Askari wakihitajika kumsaidia mtumishi wa korti, waitwe.

Angalieni hekima ya agizo lile la kueleza mali mapema. Hapa kwetu mdaiwa huweza kuitwa kuhojiwa juu ya mali yake, na wakurugenzi wa kampuni vile vile, lakini huitwa baada ya hukumu, wakati lori limekwisha andikwa jina la shemeji. Wao walitaka mlango ufungwe kabla ng'ombe hawajatoka.

Je, agizo lilitiiwa? Hapana, si kwa haraka. Tarehe 6 Machi 2025 kesi nyingine ilifika mbele ya mahakama ile ile, kutoka jimbo la Tamil Nadu. Ilitokana na mapatano ya kuuza ardhi yaliyofanywa mwaka 1980. Aliyeianza alikwisha kufa, na warithi wake ndio waliokuwa wakishika faili. Majaji J. B. Pardiwala na R. Mahadevan waliwapa haki yao, kisha wakafanya jambo ambalo kwa maoni yetu ni kubwa kuliko hukumu yenyewe: waliziagiza Mahakama Kuu za majimbo yote zihesabu maombi ya kutimiza hukumu yaliyolala katika korti zilizo chini yao, na kuziamuru korti hizo ziyamalize katika miezi 6, na jaji atakayezembea aulizwe na Mahakama Kuu yake.

Hesabu ilipoletwa, mwezi Oktoba 2025, ilikuwa ya kutisha. Maombi 882,578 yalikuwa bado hayajamalizwa. Jimbo moja tu la Maharashtra lilikuwa na zaidi ya 341,000. Katika miezi ile 6 yalikuwa yamemalizwa 338,685. Mahakama Kuu ya Karnataka ilikuwa haijaleta hesabu yake, ikaulizwa kwa nini. Majaji walisema wazi ya kuwa hali hiyo inasikitisha sana, na wakatoa miezi 6 mingine.

Mtu atasema: basi India imeshindwa, mnatuletea mfano wa nini? Twajibu kwamba kabla ya kuhesabu, kila moja ya hizo laki nane na zaidi ilikuwa taabu ya mtu mmoja, ikikaa katika faili moja, katika mji mmoja, na karani akimwambia mwenyewe arudi mwezi ujao. Leo ni hesabu iliyo mezani pa majaji wakubwa wa nchi, na kila Mahakama Kuu inajua ya kuwa itaulizwa tena. Na maombi zaidi ya laki tatu yaliyomalizwa kwa nusu mwaka si kitu kidogo. Nyuma ya kila moja pana mtu aliyeacha kwenda kwa karani. Sisi wa vyama twajua jambo hili kwa kazi yetu wenyewe. Malalamiko ya mtu mmoja msimamizi huyatupa kapuni. Malalamiko yaliyohesabiwa humfanya avue kofia.

Iko mahakama nyingine, ile ya Haki za Binadamu ya Ulaya iliyoko Strasbourg, iliyosema maneno ambayo yangefaa kubandikwa katika ofisi za kaunti zetu. Mwaka 1997, katika kesi dhidi ya Ugiriki, ilisema ya kuwa kutimizwa kwa hukumu ni sehemu ya kesi yenyewe. Haki ya kwenda kortini ni ya bure ikiwa nchi inaiacha hukumu ya mwisho ikae bila kufanya kazi. Mwaka 2002 ikaja kesi ya mtu wa Urusi. Mtu huyu aliitwa na jeshi mwaka 1986 kwenda kusafisha mahali pa ajali ya Chernobyl, akapata madhara ya mnururisho, na korti za kwao zikampa fidia. Ofisi iliyopaswa kumlipa ikasema haina fedha. Strasbourg ikajibu kwamba serikali haiwezi kutoa ukosefu wa fedha kuwa sababu ya kutolipa deni la hukumu. Haikutosha, maana mwaka 2009 mtu huyo huyo alirudi tena na madeni mengine ya hukumu yaliyocheleweshwa, na mara hii mahakama iliiamuru Urusi iweke njia ya kuwasaidia watu wote walio katika hali kama hiyo, ndipo mwaka 2010 Urusi ikatunga sheria ya kuwafidia. Urusi ilitoka katika Baraza la Ulaya mwaka 2022, lakini neno lililosemwa halikutoka. Mfanya kazi alitumwa na serikali mahali pa hatari, akaumia, akashinda, kisha akaambiwa sanduku ni tupu. Wangapi kati yetu wanaujua wimbo huo?

Maana hapa Kenya mdaiwa mgumu kuliko wote mara nyingi ni Serikali yenyewe, na siku hizi kaunti. Sheria ya Mashitaka ya Serikali, kifungu cha 21, inakataza dalali kukamata mali ya Serikali, na kaunti nazo zimeingizwa chini ya mwavuli huo. Sababu yake twaielewa: hatutaki dalali aburute gari la wagonjwa ama vitanda vya hospitali. Lakini mwenye hukumu hupewa njia ndefu. Kwanza achukue kwa korti cheti cha amri, akipeleke kwa ofisi husika. Asipolipwa, afungue shauri jipya Mahakama Kuu, kuomba afisa mwenye dhamana ya fedha aamriwe alipe. Akiamriwa na bado asilipe, aombe tena aadhibiwe kwa kuidharau korti. Yaani mtu aliyekwisha shinda kesi moja hana budi kushinda mbili nyingine, na wakili wa kila moja anataka chake. Mwaka 2012 Mahakama Kuu ilisema ya kuwa afisa huyo, akisha kupelekewa cheti cha amri, wajibu wake ni kulipa. Maneno mazuri. Lakini wafagiaji na walinzi walioshinda kesi hawali maneno, na afisa aliyeamriwa akihamishwa, wa baada yake husema ndiyo kwanza aione barua.

Tumepata kuulizwa na wanachama wawili watatu neno ambalo halina budi kujibiwa. Walisema: ninyi mnataka hukumu zitimizwe upesi, lakini dalali anayejulikana zaidi katika mitaa yetu ni yule anayekuja kuchukua viti na televisheni zetu kwa kodi ya nyumba na mikopo. Mkiharakisha mkono wake, hamtuharakishii sisi maumivu? Ni neno la haki. Madeni yetu yako, wala hatutadai kwamba mfanya kazi hapaswi kulipa alichokopa. Lakini sheria inamwekea dalali mpaka. Nguo za lazima, vyombo vya kupikia, vitanda na matandiko ya mdaiwa na mkewe na watoto havikamatwi, wala zana anazohitaji fundi kwa kazi yake, wala pambo ambalo kwa dini yake mwanamke haachani nalo. Dalali akichukua cherehani ya mshonaji amevunja sheria, na mwanachama aje ofisini siku hiyo hiyo, asingoje mnada. Tena kuna tofauti. Mwenye kukopesha hakumpa mtu mkopo mpaka amekwisha tazama hati ya mshahara. Mfanya kazi alimkopesha tajiri jasho la mwezi mzima kila mwezi bila kumtaka dhamana. Kama kuna deni linalostahili kutangulia, ni hilo. Na hata sheria ya ufilisi imeukubali ukweli huo, kwa kuwa mishahara isiyolipwa, kwa kiasi chenye mpaka, huwekwa mbele ya madeni mengi ya kawaida.

Kwa hiyo twamwomba Jaji Mkuu, na kamati inayotunga kanuni za kesi za madai, watupe mambo ambayo hayahitaji Bunge. Kila mwaka Mahakama hutoa ripoti ya kazi zake, na twasoma ndani yake kesi ngapi zimefunguliwa na ngapi zimeamuliwa. Twaomba hesabu za kesi za kazi ziongezewe safu nyingine: hukumu ngapi za fedha zimelipwa, ngapi hazijalipwa, na kwa muda gani. Kesi iliyoamuliwa na haijalipwa isiandikwe kama kazi iliyokwisha. Pili, ombi la kutimiza hukumu ya mshahara lipewe miezi 6, na likipita, sababu iandikwe na msajili kwa mkono wake. Pia mdaiwa atakiwe kueleza mali yake kesi ikiwa bado inaendelea, hasa pale ambapo kampuni imeanza kuuza mashine. Kuhusu amri za kusimamisha malipo tumekwisha sema. Katiba, kifungu cha 159, inasema haki isicheleweshwe. Haikusema isicheleweshwe mpaka siku ya hukumu tu.

Wapo mawakili watakaosema korti haina watu, msajili mmoja ana mafaili kama mlima. Hilo ni kweli, na tutakuwa wa kwanza kusimama Bungeni na nje ya Bunge kusema Mahakama ipewe fedha na makarani. Lakini makarani wakiongezwa na hesabu isifanywe, watakuwa makarani zaidi wa kumwambia mtu arudi mwezi ujao.

Upande wetu, iko kazi ambayo hatuhitaji kumwomba mtu. Sheria ya Muda wa Mashitaka inasema hukumu haiwezi kudaiwa ikisha pita miaka 12 tangu ilipotolewa, na riba ya nyuma zaidi ya miaka 6 nayo hupotea. Wako matajiri ambao hawafanyi lolote ila kuhesabu miaka hiyo. Ikipita zaidi ya mwaka mmoja bila ombi la kutimiza, mdaiwa lazima kwanza apewe notisi aje aeleze kwa nini hukumu isitimizwe, na hapo anapata nafasi nyingine ya kupumua. Yaani kila mwezi hati inapolala katika sanduku la nguo chini ya kitanda, inazeeka. Ya mwaka 2014 si mbichi tena. Na mjane ama watoto wa mwanachama aliyefariki wajue ya kuwa hukumu haikufa pamoja naye. Lakini wao nao lazima kwanza wapate hati ya kusimamia mali ya marehemu, na hiyo pia inachukua muda.

Halmashauri imekubali kwamba kila tawi lianzishe daftari moja la hukumu zisizolipwa. Katibu wa tawi aandike jina la mwanachama, namba ya kesi na korti iliyoamua, tarehe ya hukumu, kiasi kilichoamriwa, kilicholipwa kama kipo, na jambo la mwisho lililofanyika. Daftari liletwe ofisi kuu kabla ya mkutano wa robo mwaka, na hukumu zilizokaribia miaka 12 zitashughulikiwa kwanza, hata kama kiasi chake ni kidogo. Mwanachama asiyejua faili yake iko wapi aje hivyo hivyo, tutaitafuta kortini kwa namba ama kwa jina la tajiri. Karani wetu yuko ofisini kila Jumamosi mpaka saa saba mchana. Njooni na hati yenyewe yenye muhuri. Barua ya wakili peke yake haitoshi.